Karani, Mkulima na Wanyama Marafiki

Tarehe 4 Septemba 1893, mwanamke mmoja wa Kiingereza, Beatrix Potter, alikuwa Scotland pamoja na wazazi wake. Huko London mtoto mmoja aitwaye Noel Moore, mwana wa mwalimu wake wa zamani, alikuwa mgonjwa kitandani. Mtoto huyo alikuwa na umri wa miaka mitano tu. Bi. Potter alishika kalamu apate kumwandikia barua ya kumpa pole, lakini hakuona habari yo yote ya maana ya kumweleza mtoto mdogo. Basi akamtungia kisa cha sungura wanne waliokaa na mama yao chini ya mizizi ya mti, akachora na picha zao kati ya maneno. Barua ile haikuwa na shabaha nyingine ila kumfurahisha mgonjwa mmoja. Lakini kisa kile ndicho kilichokuja kuwa kitabu cha Peter Rabbit, na hata leo, miaka zaidi ya 130 imekwisha pita, watoto wa nchi nyingi wanamjua sungura yule mwenye koti la buluu.

Kila mwaka vitabu vya watoto hupigwa chapa kwa maelfu, na vilivyo vingi husahauliwa kabla ya karatasi zake kugeuka rangi. Lakini viko vichache visivyozeeka, na katika hivyo vichache, visa vya wanyama wenye urafiki ni vingi. Mtu aliyesomewa kisa na mama yake humsomea mwanawe, naye mwana humsomea wake. Wako wasemao kuwa sababu yake ni kwamba watoto hupenda wanyama. Jawabu hilo ni kweli, ila halitoshi, kwani hata vitabu vya wanyama vilivyosahauliwa ni vingi vile vile. Afadhali kuyatazama maisha ya watu waliovitunga vile vilivyodumu. Katika hao, mmoja alikuwa mkulima, na mwingine alikuwa karani.

SUNGURA WA BI. POTTER

Beatrix Potter alizaliwa London mwaka wa 1866 katika nyumba ya watu wenye mali. Hakupelekwa shuleni, bali alifundishwa nyumbani, wala hakuwa na wenzi wengi wa kucheza nao. Wenzi wake walikuwa wanyama: sungura, panya, vyura, popo, na kalunguyeye mmoja. Hakuwafuga kwa mchezo tu. Aliwatazama kwa makini sana, akachora jinsi mguu unavyokunjika na jinsi sikio linavyosimama. Alichunguza na uyoga pia, na mwaka wa 1897 maandishi yake juu ya jambo hilo yalipelekwa mbele ya chama cha wataalamu wa viumbe huko London. Mwenyewe hakuhudhuria, kwa kuwa siku zile wanawake hawakuruhusiwa kuingia katika mikutano ya chama kile.

Alipotaka kukigeuza kisa cha Noel kuwa kitabu, wapiga chapa kadhaa walikikataa. Hakukata tamaa. Mwezi wa Desemba 1901 alilipa gharama mwenyewe, zikapigwa nakala 250. Baadaye kampuni ya Frederick Warne ilibadili nia ikakitoa, mwezi wa Oktoba 1902, na nakala 8,000 za kwanza zilikuwa zimekwisha agizwa zote kabla ya siku ya kutolewa. Kilikuwa kitabu kidogo cha kuenea mkononi mwa mtoto, wala bei yake haikuwa kubwa, maana mtungaji mwenyewe alitaka iwe hivyo.

Msomaji aliyemzoea Sungura wa hadithi za kwao, yule mjanja amshindaye Fisi na Simba, atashangaa kidogo, kwani Peter si mjanja hata chembe. Yeye ni mtoto asiyesikia la mkuu. Mama yake amemwonya asiingie katika bustani ya Bwana McGregor, maana humo ndimo baba yake alimokamatwa akapikwa. Peter aenda vivyo hivyo, ala mboga za watu mpaka tumbo lamsumbua, na mara akutana na mwenye bustani uso kwa uso. Akikimbia, vifungo vya koti lake vyanaswa katika wavu, naye ajitupa chini na kulia. Ndipo shomoro wasikiapo kilio chake, nao wamjia mbio kumsihi ajitahidi tena. Shomoro hawana nguvu za kukata wavu. Wana maneno tu, lakini maneno hayo yamtosha Peter kuinuka na kujinasua, ijapokuwa koti lake labaki nyuma.

Mkulima ye yote ataona kwamba mtungaji hapa hakumdanganya mtoto. Sungura aingiaye katika bustani ya mboga ni mwizi, na mwenye bustani ana haki ya kumfukuza. Baba aliyepikwa hafufuki mwisho wa kitabu. Kwa kuwa hatari ni ya kweli, wema wa wale shomoro nao ni wa kweli, na mtoto aufahamu hata kama hawezi kueleza.

Fedha za vitabu zilimwezesha Bi. Potter kununua shamba. Mwaka wa 1905 alinunua shamba la Hill Top, katika kijiji cha Near Sawrey, kaskazini-magharibi ya Uingereza, nchi ya milima na maziwa. Mwaka huo huo Norman Warne, mmoja wa wenye kampuni iliyotoa vitabu vyake, alikuwa amemposa, naye akafariki mwezi mmoja tu baadaye. Bi. Potter alikwenda shambani na huzuni yake, akajifunza kazi. Mwaka wa 1913 aliolewa na mwanasheria wa upande ule, William Heelis, na tangu hapo majirani walimjua kwa jina la mume wake kuliko kwa vitabu vyake. Alizidi kununua mashamba, akawa mfugaji hodari wa kondoo aina ya Herdwick, kondoo wa milimani wenye kuvumilia baridi na mvua, akawapeleka katika maonyesho na kupata tuzo. Alipofariki mwezi wa Desemba 1943, aliuachia National Trust, chama kinachotunza ardhi na majumba ya kale ya Uingereza, ekari zaidi ya 4,000. Aliagiza pia kwamba kondoo wa Herdwick waendelee kufugwa katika milima ile. Hivyo vitabu vidogo vya sungura na bata viligeuka kuwa malisho, na malisho hayo yapo hata leo.

KARANI WA BENKI NA MTO WAKE

Yule mwingine ni Kenneth Grahame. Alizaliwa Edinburgh mwaka wa 1859. Alipokuwa ndiyo kwanza ametimiza miaka mitano, mama yake alifariki kwa homa, na watoto wakapelekwa kwa bibi yao huko Cookham Dean, karibu na mto Thames. Kwa mtoto aliyefiwa na mama, mto ule ulikuwa faraja kubwa. Baadaye alitamani sana kusoma katika chuo kikuu cha Oxford, lakini ami yake hakukubali kulipa, akamtafutia kazi ya ukarani. Mwaka wa 1879 akaingia Benki ya Uingereza, London. Alifanya kazi humo karibu miaka 30, akapandishwa cheo mpaka akawa Katibu wa Benki mwaka wa 1898. Mwaka wa 1903 mtu mmoja aliingia Benki na bastola, akampiga risasi. Kwa bahati njema zote zilimkosa.

Karani huyu alikuwa na mtoto mmoja tu, Alastair, aliyezaliwa mwaka wa 1900. Macho ya mtoto yalikuwa dhaifu, jicho moja halikuona kabisa. Usiku kabla ya kulala, baba alimsimulia habari za Fuko, Panya wa Majini na Chura, na waliposafiri mbalimbali mwaka wa 1907, baba aliendeleza hadithi kwa barua. Kutokana na masimulizi hayo kikatoka kitabu, The Wind in the Willows, mwezi wa Oktoba 1908, mwaka ule ule Grahame alipoacha kazi ya Benki. Wapimaji wa vitabu katika magazeti ya London hawakukipokea kwa furaha. Wengine hawakuelewa kuwa ni kitabu cha namna gani. Lakini Theodore Roosevelt, aliyekuwa Rais wa Marekani, alikisoma akakipenda, akamwandikia mtungaji kumwambia hivyo. Wasomaji wa kawaida nao wakakipenda kidogo kidogo, na tangu wakati huo hakijaacha kusomwa.

Sehemu ya kitabu inayojulikana zaidi ni mikasa ya Chura, tajiri mwenye majivuno, mpenda motokaa, ambaye anafungwa gerezani kwa kuiba gari na kutoroka akivaa nguo za dobi mwanamke. Watoto hucheka sana. Lakini iko sehemu nyingine, ya utulivu, ambayo watu wazima huikumbuka zaidi. Fuko ameiacha nyumba yake ya chini ya ardhi, amekaa kwa Panya kando ya mto miezi mingi. Usiku mmoja wa baridi, karibu na Krismasi, wawili hao wanarudi kutoka matembezi ya mbali, na katika giza Fuko anapata harufu ya nyumba yake ya zamani. Anamwita rafiki yake, lakini Panya ametangulia, hasikii vema, anamhimiza aje upesi kwa kuwa theluji yakaribia. Fuko anamfuata kwa uaminifu, kisha moyo unamshinda, anaketi na kulia kwa kwikwi.

Panya anapofahamu jambo alilotenda, hajitetei. Anageuka, anamshika rafiki yake mkono, na wanarudi gizani kuitafuta harufu ile mpaka wanaifikia nyumba. Fuko akiitazama anaona haya: ni ndogo, ni baridi, ina vumbi, wala hamna chakula. Panya hasemi hata neno moja la dharau. Anawasha moto, anasifu jinsi vitu vilivyopangwa, anatafuta makabatini mpaka anapata mkebe wa dagaa na biskuti. Kabla usiku haujapita, panya wadogo wa mashambani wamekuja mlangoni kuimba, na nyumba ile maskini imekuwa na karamu.

Karani aliyeiacha nyumba ya mama yake kijijini akapanga chumba mjini hahitaji kuelezwa maana ya harufu ile. Huenda ikawa ni harufu ya moshi wa kuni, au ya udongo mkavu ulionyeshewa na mvua ya kwanza. Anajua pia aibu ya kumleta rafiki wa mjini katika nyumba ya kwao, na anajua thamani ya rafiki akaaye juu ya kigoda na kuisifu. Grahame aliyajua hayo kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa mtu wa ofisini aliyeuota mto kwa miaka mingi.

Habari za mwisho za nyumba ya Grahame ni za majonzi. Alastair alifariki mwaka wa 1920, akiwa mwanafunzi wa Oxford, siku chache kabla ya kutimiza miaka 20. Baba yake aliishi mpaka mwaka wa 1932, wala hakutunga tena kitabu kama kile. Mtoto aliyesimuliwa alikwisha ondoka, lakini watoto wengine wasio na hesabu wamesikia yale yaliyokuwa yake.

BUIBUI ALIYEMWOKOA NGURUWE

Mfano wa tatu watoka Marekani. E. B. White alikuwa mwandishi wa gazeti la The New Yorker, lakini alikuwa na shamba pia katika jimbo la Maine, akifuga kuku, kondoo na nguruwe. Kila mfugaji anajua ubaya wa kazi ile: mnyama hulishwa, hutunzwa, hutibiwa, kisha huchinjwa na yule yule aliyemtunza. Jambo hilo lilimsumbua White. Mwaka wa 1952 alitoa kitabu Charlotte's Web, kisa cha nguruwe mdogo aitwaye Wilbur ambaye siku zake za kuchinjwa zinakaribia, na buibui jike aitwaye Charlotte, akaaye mlangoni juu ya zizi. Charlotte anafuma maneno ya sifa katika utando wake, watu wanashangaa, na nguruwe anaachwa hai.

White hakuandika kwa kubahatisha. Alisoma kwa bidii habari za buibui, akawatazama wale wa banda lake. Kwa hiyo Charlotte ananyonya damu ya nzi, wala haoni aibu kusema hivyo, na Wilbur yampasa kujifunza kumpenda rafiki mwenye tabia asiyoipenda. Tena, buibui wa aina ile huishi muda mfupi, hutaga mayai, hufa. White hakuibadili kanuni hiyo. Charlotte anakufa peke yake katika uwanja wa maonyesho uliokwisha kuwa mtupu, na Wilbur anachukua mayai yake nyumbani. Mwaka wa 1970 White alikisoma kitabu chake chote kwa sauti ili kinaswe katika rekodi, na mtengenezaji wa rekodi hiyo alisimulia kuwa mwandishi alilazimika kurudia mara 17 kabla ya kuweza kusoma kifo cha Charlotte bila sauti kukatika. Alikuwa mzee wa miaka 70 wakati huo, na buibui yule alimtunga mwenyewe.

KIMA NA PAPA

Isidhaniwe kuwa jambo hili ni la Wazungu peke yao. Mwaka wa 1870, Edward Steere, aliyekuwa mmisionari Unguja na ambaye baadaye alikuwa Askofu, alipiga chapa kitabu cha hadithi za Kiswahili alizosimuliwa na watu wa huko. Mojawapo ni ile ya Kima aliyekaa juu ya mkuyu ulioinamia bahari, akamtupia Papa matunda kila siku mpaka wakawa marafiki. Papa akamwalika kwao, akampakia mgongoni, na walipofika katikati ya bahari akamwambia kweli: Sultani wao ni mgonjwa, na dawa yake ni moyo wa kima. Kima akajibu kwa utulivu kwamba kima wakisafiri huiacha mioyo yao mitini. Papa akamrudisha pwani, na Kima alipokwisha panda juu hakushuka tena.

Hadithi hiyo imesafiri safari ndefu kuliko jahazi lo lote. Katika masimulizi ya kale ya Bara Hindi yule rafiki mbaya ni mamba. Katika kitabu cha Kiarabu cha Kalila na Dimna, kilichoandikwa na Ibn al-Muqaffa katika karne ya nane, ni kobe wa majini. Watu wa pwani wakamfanya papa, maana papa ndiye waliyemwogopa. Kila nchi ilimweka mnyama iliyemjua kwa macho yake. Na hadithi yenyewe yafundisha upande wa pili wa urafiki, ambao mtoto hana budi kuujua pia: si kila anayekula matunda yako ni rafiki yako.

KIBOKO NA KOBE WA MOMBASA

Ikiwa kuna mtu aonaye kwamba visa hivi vyote ni vya kubuni tu, na akumbuke jambo lililotokea pwani ya Kenya. Mwezi wa Desemba 2004, wakati wa tsunami iliyovuka Bahari ya Hindi, mtoto wa kiboko alionekana karibu na Malindi, ameachwa baharini peke yake bila mama. Watu walihangaika naye kwa nyavu mpaka wakamtoa, akaitwa Owen, akapelekwa Haller Park karibu na Mombasa, mahali palipokuwa machimbo ya mawe ya saruji na ambapo baadaye palipandwa miti. Humo alikuwamo kobe mkubwa wa aina ya Aldabra, aliyekadiriwa kuwa na umri wa miaka 130 hivi, jina lake Mzee. Owen alimkimbilia akajificha nyuma ya gamba lake. Kwanza Mzee hakupendezwa, akajiondokea. Mtoto akamfuata. Baada ya siku chache walionekana wakila pamoja, wakilala pamoja, na kiboko akimfuata kobe kila aendako.

Picha yao ilienea duniani. Binti mdogo wa Kimarekani, Isabella Hatkoff, aliiona akataka habari zao ziandikwe. Yeye na baba yake, Craig Hatkoff, wakashirikiana na mtaalamu wa wanyama wa Kenya, Paula Kahumbu, na picha zikapigwa na Peter Greste. Kitabu chao kikatolewa na kusomwa na watoto wa mataifa mengi, na Mombasa ikajulikana kwao kwa sababu ya kobe mmoja mwenye subira.

Hapo ndipo panapoonekana jambo ambalo visa hivi vyote vimeshirikiana. Karibu kila kimoja kilianza kwa mtoto mmoja aliye hai: mgonjwa kitandani, mwenye macho dhaifu, au binti aliyeona picha akauliza maswali. Tena waliovitunga walimjua mnyama waliyemsimulia, hawakumvua tabia yake. Wala hawakuwaficha watoto kwamba kuna wavu, kisu, baridi na kifo. Waliwaonyesha tu kuwa katika mambo hayo rafiki anafaa. Mzazi aliyekulia kijijini, aliyechunga mbuzi na kumfukuza nguchiro asile vifaranga, anayo mali hiyo hiyo. Hakosi mnyama wa kumsimulia, wala hakosi mtoto wa kumsimulia. Linalokosekana mara nyingi ni ile nusu saa ya jioni, baada ya chakula, kabla ya usingizi.

Beatrix Potter alipofikiri kukifanya kisa chake kuwa kitabu, miaka saba hivi ilikuwa imepita tangu aiandike barua ile ya Scotland, naye hakuwa na nakala yake. Ilimbidi amwulize Noel kama bado anayo. Noel, ambaye sasa alikuwa kijana wa shule, alikuwa ameiweka miaka yote hiyo. Akaitoa, akamwazima.